Sura ya Saba ya Bi Fang

Kibokoni, Mombasa
20 Januari 2024

Mwanangu Nabiha,

Assalaam aleikum. Nakuandikia nikiwa mzima, isipokuwa goti langu linalonikumbusha umri kila nikipanda ngazi. Nyumbani salama. Babako Chonga alikuja kutoka Voi na mkewe na watoto, wakala, wakalala, wakaondoka na sufuria yangu kubwa. Mwenye nyumba amepaka rangi upande wa barabarani tu, ule wanaoupiga picha wageni. Huku ndani chokaa inatudondokea kwenye chai. Joy uliyesoma naye Ganjoni amejifungua mtoto wa kiume. Aliniuliza utarudi lini. Nikamwambia amuulize mwenyewe.

Barua hii anakuletea Abdeali wa duka la mapazia, Biashara Street, kama kawaida yake akienda China, mji wa Yiwu, kununua mali. Hizo simu zenu za kuonana nyuso nimezichoka. Mtandao wa huku haufunguki huko, wa huko haufunguki huku, na simu yangu ya vibonyezo haijui lolote ila kupiga na kupigiwa. Barua hata ikichelewa inafika.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe. Abdeali aliporudi safari iliyopita nilikwenda dukani kuchukua barua yako, naye akanieleza mbele ya wateja: "Bi Mejumaa, mtoto wako nimemuona stesheni ya Hangzhou, yuwamshika mkono mama mmoja wa Kichina, mtu mzima sana. Nikamuuliza, huyu n'nani? Akacheka tu. Yule mama akanionyesha hivi: huyu wangu." Na mkono akauweka kifuani, kama alivyouweka huyo mama. Wateja wakacheka. Nami nikacheka. Nikanunua na pazia ambalo sina dirisha la kulitundika.

Barua yako yote haina neno juu ya huyo mama. Ina mvua, ina bei za mboga, ina treni ziendazo mbio. Masomo ulimaliza tangu Juni, ukasema unabaki kidogo. Siulizi kwa ubaya. Nauliza kama angeuliza mtu yeyote aliyekuchukua ukiwa hujui hata kufunga kiatu, siku mamako alipozikwa: huyo ni nani?

Nimekupelekea kashata na chupa ya achari ya embe. Kashata unaweza kumgawia mtu. Achari ni yako.

Shangazi yako,
Mejumaa


Hangzhou
3 Machi 2024

Shangazi mpenzi,

Shikamoo, na waaleikum salaam. Nimefurahi kusikia habari za Joy. Mpe mkono wa pongezi kwa niaba yangu. Goti lako lipeleke kwa daktari, usitegemee mafuta ya nyonyo peke yake. Huku baridi imeanza kuachia. Ramadhani i mlangoni, na jioni nikikumbuka harufu za Kibokoni watu wakikaanga viazi karai, hunijia hamu ya kupanda ndege vivi hivi nilivyo.

Huyo mama ni Bi Fang Lijuan. Nilidhani nimekwisha kukutajia. Ni mwandishi wa vitabu vya watoto na wa filamu za katuni, na hakuna mtu mzima hapa ambaye hakukulia hadithi zake. Filamu yake inayopendwa zaidi ni ya chura anayeuza miavuli. Tukipita sokoni, wanaume wenye mvi humuigizia sauti ya chura huyo, naye huwajibu kwa sauti ya mteja, shughuli ikasimama mpaka wamalize.

Babake alikuwa fundi wa miavuli. Alipokuwa msichana shule zilifungwa, akapelekwa shamba kulima mpunga, na huko akaanza kuwasimulia hadithi watoto wa wakulima ndani ya zizi la nyati wa kulimia. Baadaye studio ya filamu ikamwita mjini. Sasa macho yake yamefifia. Mimi nakaa chumba cha juu nyumbani kwake, namsomea na kumwandikia. Anaandika maisha yake, kwa ajili ya watoto, na ana namna yake ya kufanya kazi: haandikishi sentensi mpaka kwanza amsimulie mtu mmoja kwa mdomo, huku akimenya mbegu za alizeti. Mtu huyo akitazama pembeni, sentensi inafutwa. Mtu huyo ni mimi.

Shangazi, nina ombi. Mchapishaji mmoja wa Nairobi anakitaka kitabu hiki kwa Kiswahili, nami ndiye ninayetafsiri. Lakini Kiswahili changu kimeingia kutu. Naandika, halafu nikisoma nasikia Kichina chini yake. Wewe ndiye uliyenifundisha kuandika, wewe na watoto wa nusu ya Mji wa Kale. Nimempa Abdeali sura nne za mwanzo. Nisahihishie, kwa kalamu ile nyekundu, bila huruma.

Habari ya kurudi tutazungumza.

Mtoto wako,
Nabiha

Bi Fang alionja achari. Ameipenda mno, chupa imekwisha.


Kibokoni
14 Aprili 2024

Nabiha,

Salaam, na Idd Mubarak ijapokuwa imepita. Tulifunga salama, tukafungua salama. Idd niliswali, nikapika biriani, nikala na jirani Rukhsana na wajukuu zake. Wajukuu wake wamejaa nyumba nzima, alhamdulillahi, mpaka mtu hajui aweke wapi mguu.

Chupa moja ya achari hunichukua wiki mbili juani. Nimeona nikutajie hilo.

Nimesahihisha sura nne. Umeandika: "Alikuwa na furaha kubwa ndani ya moyo wake." Furaha ingekaa wapi kwingine, kwenye goti? Alifurahi, basi. Umeandika: "Baba yake alikuwa ni mtu ambaye alikuwa akitengeneza miavuli." Babake alikuwa fundi miavuli. Na chura na miavuli wapi na wapi? Chura hupenda mvua, ana haja gani ya mwavuli? Usinijibu. Nilifika sura ya tatu nikaona kwamba ndiyo maana anawauzia wengine. Nilisoma zote nne nimekaa pale pale nilipokaa, mbaazi zikaungua jikoni. Usimwambie.

Mimi pia niliandikia watoto, kama umesahau. Kila mwaka mchezo mmoja wa mashindano ya shule, na mara mbili tulifika Nairobi. Waliocheza, leo ni makarani, ni madereva, mmoja ni kadhi. Hakuna anayenisimamisha sokoni akanitolea sauti ya chura. Nikienda Liwatoni kununua samaki, aliyekuwa mfalme wangu wa mchezo ananiuzia changu wawili na kuniita "mama, sogea". Sisemi kitu. Naandika tu kwa kuwa umenitajia mambo ya sokoni.

Idd kubwa ni mwezi wa sita. Nikuwekee sehemu yako ya nyama, au nimpe Rukhsana?

Mejumaa


Hangzhou
28 Mei 2024

Shangazi mpenzi,

Shikamoo. Pole na mbaazi. Huku kwema. Mvua ya majira haya hainyeshi ikaisha, inaning'inia tu hewani kutwa, mpaka vitabu vinaota ukungu na Bi Fang ananituma nivipeperushe na pangaboi.

Nilimtafsiria lile neno lako la furaha na goti. Alicheka mpaka akakohoa, akataka kujua ni nani huyo. Nikamwambia ni shangazi yangu, mwalimu. Akasema: "Huyu anajua kazi." Tangu hapo kila nikimsomea sentensi ndefu ananiuliza, "Na Mombasa watasemaje?"

Nakuletea sura ya tano mpaka ya nane. Ya saba isome taratibu. Wakati akinisimulia hiyo hakumenya mbegu. Inahusu binti yake, Meili. Meili anaishi mji huu huu, lakini tangu niingie nyumba hii sijamuona akibisha hodi. Hupiga simu mwaka wao mpya, husema maneno machache, hukata. Bi Fang hukaa na ile simu mkononi kwa muda. Mimi humpikia chai.

Kitabu kikitoka kutakuwa na sherehe kubwa ukumbini, na ameniomba nisimame kando yake jukwaani, mahali ambapo mtoto wake angesimama. Nimeona si vizuri kukataa. Wiki iliyopita alinipeleka kwa fundi, akanishonea koti la sufu la baridi ijayo. Ni zuri sana, rangi ya tende.

Idd kubwa sitaweza kufika, Shangazi. Nyama mpe Bi Rukhsana.

Nabiha


Kibokoni
4 Julai 2024

Nabiha,

Salaam. Sisi wazima. Idd ilikuwa nzuri, nyama nilimpa Rukhsana kama ulivyoagiza, akashukuru.

Koti la baridi ijayo hushonewa mtu anayebaki. Mimi ni mwalimu, najua kusoma. Ungeniandikia tu, "Shangazi, nabaki," kwa maneno mawili, badala ya kunipelekea habari kwa njia ya fundi wa nguo. Nilikaa na barua yako mpaka adhuhuri ikanipita. Babako alipopiga simu nilimwambia umebanwa na kazi. Ndivyo ninavyomjibu kila mtu siku hizi, mtoto wangu amebanwa na kazi.

Sura ya saba nimeisoma. Nimeisoma taratibu, kama ulivyotaka. Mumewe amekufa, mtoto ana miaka miwili, studio inamwita mjini, naye anamwacha Meili kijijini kwa wifi yake, Guilan. Sawa, dunia ina mambo. Anakaa mjini miaka sita akiandika michezo ya kuwafurahisha watoto wa watu. Halafu anakuja na gari la studio kumchukua wake. Na hapo, kwa mujibu wake, Meili analiona gari, anapiga kelele "Mama!", anatoka mbio na kumrukia mwanamke aliyekuwa akimuona wakati wa sikukuu tu. Guilan, aliyemfundisha kutembea, amesimama mlangoni na ungo wa mchele, anatabasamu. Anatabasamu, Nabiha!

Nilitoka nje nikazunguka mpaka Ndia Kuu na kurudi, na goti langu hili.

Nimeinakili sura yote upya kwa mkono wangu, maana masahihisho yalizidi. Mahali pamoja palikuwa pamekosewa. Nimepanyoosha. Tumia nakala hiyo.

Safari hii hakuna achari. Maembe si mazuri.

Shangazi yako


Hangzhou
15 Septemba 2024

Shangazi,

Shikamoo. Mimi ni mzima. Abdeali alikwama, mali yake ilikawia bandarini Ningbo, ndiyo maana jibu limechelewa. Afadhali lilichelewa, kwa kuwa ningeandika siku ile ile ningekukosea adabu.

Umefanya nini, Shangazi?

Sikukueleza jambo moja. Bi Fang hakubali tafsiri ichapishwe mpaka asomewe yote tena kwa Kichina, sentensi moja moja. Zamani walimtafsiria kwa lugha fulani, chura wake wakamgeuza kasuku, tangu hapo hamwamini mtu. Basi nilichukua nakala yako ya sura ya saba, nikakaa mbele yake, nikawa nasoma Kiswahili kwa macho na kusema Kichina kwa mdomo. Sikuipitia kwanza. Niliiamini kwa kuwa ni yako. Nikasema: "Mtoto alipoliona gari alipiga kelele, 'Mama!', akakimbia." Yeye akaitikia kwa kichwa. Nikaendelea: "Akakimbilia ndani, akamkumbatia Guilan miguu, mchele ukamwagika wote. Mwanamke wa gari alimshika mkono akamvuta. Mtoto alikuwa akimlilia mama yake, na mama yake alikuwa amesimama mlangoni."

Maneno yalikuwa yameshatoka ndipo nikasikia nilichokisema.

Nilitaka ardhi inimeze. Nikamwambia Bi Fang kuna makosa, nimesoma vibaya, ngoja niangalie. Akaniambia, "Soma tena." Nikasoma tena. Mkono wake ulikuwa ndani ya bakuli la mbegu, haukusogea. Kisha akauliza, pole pole sana: "Nani amemwambia huyo wa Mombasa?"

Nikasema, hakuna aliyemwambia, Bi Fang. Ni shangazi yangu, amebadilisha kwa, kwa sababu zake.

"Lakini ndivyo ilivyokuwa," akasema. "Mchele ulimwagika. Ulimwagika kweli. Nani amemwambia habari ya mchele?"

Shangazi, ndivyo ilivyokuwa. Mtoto alikimbilia ndani. Ilibidi dereva amtoe. Alilia njia nzima akimwita Guilan mama, na Bi Fang alimkataza neno hilo, akamfundisha aseme shangazi, na kila alipokosea hakumpa chakula mpaka alipotamka sawasawa. Guilan alikuja mjini mara moja kumuona, wakamwambia mtoto yuko shule, naye mtoto yuko chumba cha pili. Hakuja tena. Amekwisha kufariki. Haya yote Bi Fang hajayaandika popote. Alisema aliona wivu mpaka ukamla, na kwamba aliitunga ile picha ya mtoto akimkimbilia, akaisimulia miaka mingi, mpaka akaanza kuikumbuka kama kitu kilichotokea. Meili aliisoma hadithi hiyo gazetini, miaka mingi kabla mimi sijaja. Ndiyo sababu habishi hodi.

Nami nikukirie langu. Nilikuwa nimemkubalia Bi Fang kwamba nitabaki naye mpaka mwisho wake. Nilimkubalia tangu mwaka jana. Kila nikikuandikia nilikuwa nasema barua ijayo nitamwambia.

Sasa hanitaki. Kesho yake aliniambia: "Hii ni mara ya pili naweka ndani mtoto wa mwanamke mwingine. Nenda kwa mwenyewe." Anapapasa ukuta kwenda jikoni, nikimshika mkono anautoa. Sura ya saba anataka iandikwe upya kwa Kichina kama ulivyoiandika wewe, na sherehe ameivunja.

Nitafunga mizigo nije na Abdeali safari yake ijayo. Ulitaka nirudi, umenipata. Sijui nikushukuru au nilie.

Nabiha


Kibokoni
12 Oktoba 2024

Mwanangu Nabiha,

Waaleikum salaam warahmatullah. Nyumbani kwema, babako anakusalimu, sufuria amerudisha. Abdeali anaondoka kesho na amenihakikishia nafasi yako kwenye ndege ya kurudi ipo. Jana alinikuta dukani akanambia, "Haya Bi Mejumaa, nakwenda kukuletea mtoto wako." Rukhsana alikuwepo, akapiga vigelegele pale pale, watu wa Biashara Street wakageuka kututazama.

Usije naye.

Tulia usome mpaka mwisho. Sikuombi radhi kwa sura ya saba. Habari ya mchele hakuna aliyeniambia. Mwanamke ana ungo mkononi, mtoto anamgonga miguuni, mchele utakwenda wapi? Lakini nisijifanye fundi. Sikubadilisha kwa ajili ya ukweli, ukweli nilikuwa siujui. Nilibadilisha kwa wivu. Nilimwonea wivu kwa vitabu vyake, kwa chura wake, kwa wanaume wenye mvi sokoni, na kwa lile koti zaidi ya vyote. Nilitaka siku moja, hata kwenye karatasi, mtoto alie aking'ang'ania miguu ya mtu aliyemlea, na yule wa kuja na gari asimame akitazama. Basi. Naye amesimama akatazama, na sikupata raha niliyoitarajia.

Tangu barua yako ifike namuona anapapasa ukuta. Simpendi, usije ukadhani. Namuona tu.

Ningekupata hivi, ningekupata kama yeye alivyompata Meili, umetolewa nyumbani kwa mtu huku unaangalia nyuma. Ungenipikia, ungenikanda goti, na kila jioni ungekuwa unahesabu saa za Hangzhou. Hiyo siitaki, na mtoto wa namna hiyo simtaki ndani ya nyumba yangu. Baki naye. Akiutoa mkono, mshike tena. Mwambie mwenye mtoto ndiye aliyesema, na mwenye mtoto hapingwi. Ukija Mombasa, uje siku unayotaka mwenyewe, hata ikiwa mbali, na uniandikie kwa maneno mawili. Sherehe akiirudisha, jukwaani usisimame mahali pa Meili. Mwache awe na nafasi ya kupita akija. Na wewe, huyo Meili mpelekee sura mpya kwa mkono wako. Usimtume mtu.

Wivu wangu haujakwisha. Abdeali akirudi na habari nyingine za mikono kifuani nitanunua pazia jingine.

Halafu kuna hili, la kikazi, umtafsirie neno kwa neno. Kitabu chake kinaruka. Gari linaondoka na mtoto, na sura ya nane inaanza mjini, studio, taa, watu wanapiga makofi. Guilan ameachwa amesimama mlangoni. Siku ile alifanya nini? Aliokota mchele? Alipika? Ulipoondoka wewe nilikaa mwaka mzima bila kutia komeo la juu mlangoni, nikijua fika ndege yako imekwisha kutua China, kwa kuwa wewe lile la juu ulikuwa hulifikii ulipokuwa mdogo, na mkono wangu ulikataa. Mwambie Bi Fang sura ya nane ni ya Guilan. Akae na mbegu zake aisimulie. Na kama hajui mambo yanayotokea ndani ya nyumba gari likishaondoka, aniulize mimi.

Shangazi yako,
Mejumaa